Ukiruka, Nani Kacheza?

Kwenye kalenda ya msimu, kila mechi ni kijisanduku chenye nembo ya timu unayokwenda kukutana nayo. Unasogeza kijiti cha pedi mpaka tarehe unayoitaka, tuseme siku ya kwanza ya mtoano, unabonyeza, na mashine inaanza kuzila siku. Novemba inaisha. Desemba inapita na Krismasi yake. Matokeo yanajipanga yenyewe kwenye visanduku: umeshinda, umeshindwa, umeshinda, umeshinda. Inachukua dakika chache, zaidi kidogo kama pleisteshen yenyewe imechoka kama ilivyokuwa yetu, na mechi arobaini zimechezwa bila mtu kugusa mpira. Ukifungua takwimu unakuta umefunga pointi 14 dhidi ya Sacramento, usiku ambao wewe ulikuwa unakula ugali.

Gemu ninayoizungumzia ni NBA 2K14, ile yenye LeBron James kwenye jalada, na sehemu tuliyoicheza nyumbani kwetu ni ile inayoitwa MyCareer. Unamuumba mchezaji, unampa jina, sura na urefu. Anacheza mechi ya vijana wanaosubiri kuchaguliwa, anahojiwa na viongozi wa timu, kisha anaingia kwenye drafti. Si ile ya vizibo vya soda kijiweni. Hii ni siku ambayo timu 30 za NBA zinagawana vijana wapya. Akishachaguliwa anaanzia benchi, dakika chache kila usiku, kama mtoto wa kambo anayeonjeshwa nyama. Kuanzia hapo ni kazi. Msimu wa NBA una mechi 82, 41 nyumbani na 41 ugenini, na umekuwa hivyo tangu msimu wa 1967/68, ukiondoa miaka michache ya migogoro ya mikataba na ile ya korona. Sisi tuliweka robo za dakika sita. Ongeza faulo, mitupo huru, makocha kuomba mapumziko na umeme kuyumba, mechi moja inakula dakika 45. Zidisha mara 82: saa 61 na nusu kwa msimu mmoja, kabla hujafika kwenye mtoano. Niliwahi kuipiga hesabu hiyo kwenye kikokotoo cha ofisini, nikaona ni wiki moja na nusu ya mshahara wangu.

Kwa hiyo mimi niliruka. Nasema hivi bila aibu, maana wapo wanaodhani kuruka mechi ni wizi. Mwaka 2015 nilikuwa nimeanza kazi kwenye ofisi ya kutoa mizigo bandarini. Nilitoka nyumbani Tabata saa 11 alfajiri, nikarudi saa 2 usiku nikinuka jasho la daladala. Nilikuwa na saa moja, siku nyingine nusu. Mtu mwenye nusu saa hawezi kwenda kucheza na Charlotte siku ya Jumanne mwezi wa pili. Atacheza na Miami ya LeBron, atacheza na Lakers, atacheza mtoano. Mengine mashine imsaidie, kama vile mtu anavyomtuma mtoto dukani. Ndani ya mwaka mmoja mchezaji wangu alikuwa na ubingwa mara tatu na pete zake. Alipostaafu nilimsahau kabisa, hata namba ya jezi yake leo sikumbuki.

Mdogo wangu hakuruka hata moja.

Pleisteshen niliinunua Kariakoo, mtumba, kwa sehemu ya mshahara wangu wa tatu. Ilikuwa PS3 yenye pedi mbili, moja kijiti chake kinavuta kushoto. Mama nilimwambia ni ya mdogo wangu, jambo ambalo lilikuwa kweli kwa nusu. Yeye alikuwa na miaka 14, kidato cha kwanza, na alikuwa na selimundu, ugonjwa ambao mtaani kwetu kila mtu anauita sikoseli. Tanzania ni moja ya nchi zinazozaa watoto wengi zaidi duniani wenye ugonjwa huu, na bado kila familia huupokea kana kwamba ndiyo ya kwanza kuuona. Baba na mama wote wana AS. Mimi nilipopima nilikuta nimebeba AS kama wao. Yeye akapata S kutoka kila upande. Chembe zake nyekundu za damu, badala ya kubaki mviringo, hujikunja kama mundu, zikakwama kwenye mishipa midogo, na pale zinapokwama ndipo panapouma. Baridi inaweza kuziamsha. Kiu inaweza. Malaria inaweza. Kukimbia mpaka pumzi ikate kunaweza.

Na alipenda mpira wa kikapu. Kwa nini asipende draughts au karata, mama aliuliza mara nyingi, na hakuna aliyekuwa na jibu. Shuleni kwao kulikuwa na uwanja wa sementi wenye ringi mbili zisizo na nyavu. Mwalimu wa michezo, mtu mwema, alipoambiwa hali yake alimtoa mazoezini na kumpa kazi ya kuandika pointi. Alikaa mezani na kalamu, akajaza nani kafunga, nani kafanya faulo ya ngapi, nani kaingia dakika gani. Jumamosi nyingine nilimpeleka viwanja vya Don Bosco, Upanga, kutazama wakubwa wakicheza, na hata huko alijaza karatasi yake mwenyewe pembeni, bila kuombwa na mtu. Kwa hiyo alijua vizuri kuliko mimi zile herufi tatu zinazoandikwa kwenye jedwali la takwimu la NBA mbele ya jina la mchezaji aliyebaki kwenye benchi: DNP. Hakucheza. Mara nyingi inafuatiwa na sababu: uamuzi wa kocha, goti, kifundo cha mguu.

Machi 2012 San Antonio Spurs walimpumzisha Tim Duncan, na kwenye jedwali, pale panapoandikwa sababu, pakaandikwa neno moja tu: mzee. Mdogo wangu alipoisoma habari hiyo miaka kadhaa baadaye alicheka mpaka mama akaja kuangalia kama anaumwa.

Mchezaji aliyemuumba alikuwa wa ajabu kidogo. Watu wakipewa nafasi ya kuumba mtu huumba jitu: futi saba, mabega kama mlango. Yeye alijiumba mwenyewe. Jina lake, weusi wake, wembamba wake, na urefu mdogo kuliko wote walioruhusiwa kwenye nafasi ya pointi gadi. Drafti ikampeleka Milwaukee Bucks. Nilimpa pole. Milwaukee halisi ya msimu ule wa 2013/14 ilishinda mechi 15 na kupoteza 67, ya mwisho katika ligi nzima, na ya kwenye gemu haikuwa nzuri zaidi. Kwenye benchi lao alikuwepo kijana mmoja mwembamba wa Ugiriki, wazazi wake Wanigeria, ambaye sisi tulishindwa hata kulitamka jina lake. Giannis Antetokounmpo. Kwa mashine ile alikuwa kijana wa kuingia robo ya pili na kupoteza mipira. Julai 2021, Giannis wa kweli alipofunga pointi 50 siku Milwaukee ilipotwaa ubingwa, mdogo wangu alinipigia simu asubuhi na mapema. "Braza, mimi huyu nimecheza naye mechi zote," akasema, "zile za kufungwa kwa pointi 30. Wewe ulikuwa wapi?"

Nilikuwa naruka.

Kila nilipomkuta anacheza alikuwa kwenye mechi isiyo na maana. Milwaukee na Orlando, Jumatano, timu zote zimeshakufa kwenye msimamo. Milwaukee na Philadelphia. Halafu kocha anamtoa, anakwenda benchi. Hata hapo gemu inakupa kitufe cha kuruka mpaka dakika utakayorudishwa uwanjani. Hakukibonyeza. Aliweka pedi kwenye paja akatazama wenzake wakicheza, akawapigia kelele warudi kukaba. Watu wa mashine! Mimi nikiwa nimesimama mlangoni na tai mkononi nasubiri zamu yangu.

"Ruka bwana, utafika lini?"

"Nifike wapi?"

"Kwenye mtoano."

"Na ukiruka, nani kacheza?"

"Mashine."

"Sasa si ndiyo atakuwa kacheza mashine."

Siku nyingine nilijaribu kumshinda kwa mifano ya wakubwa. Nilimwambia NBA yenyewe inaruka. Tarehe 29 Novemba 2012 kocha Gregg Popovich wa Spurs aliwapandisha ndege Duncan, Tony Parker, Manu Ginobili na Danny Green warudi nyumbani, akaenda kucheza na Miami bila wao, mechi inayoonyeshwa taifa zima. Kamishna David Stern akaomba radhi kwa mashabiki, na Spurs wakapigwa faini ya dola 250,000. Mimi nilikuwa upande wa Popovich: wachezaji wake wamezeeka, ratiba ni ndefu, kombe linatolewa Juni na siyo Novemba. Mdogo wangu alikuwa upande wa Stern. Akasema kuna mtoto alikata tiketi siku ile, labda ilikuwa mechi yake pekee mwaka mzima. Nikamwambia wale waliobaki karibu washinde, walifungwa 105 kwa 100 tu. Akasema hiyo ndiyo inaonyesha kwamba mechi ilikuwa mechi.

Shujaa wake, sasa nadhani mnaweza kubahatisha, hakuwa Jordan wala Kobe. Alikuwa A.C. Green, mtu ambaye mashabiki wengi wa umri wetu hawajawahi kumwona hata kwenye video, aliyecheza mechi 1,192 mfululizo bila kukosa moja, kuanzia mwaka 1986 hadi 2001. Mtu wa kawaida tu, ribaundi zake, pointi zake kumi. Anakuja kazini kila siku.

Kuhusu Thabeet lazima niseme kidogo, kwa sababu huwezi kuwa Mtanzania ukacheza gemu ya NBA ya miaka ile bila kumtafuta. Hasheem Thabeet, mtoto wa Dar es Salaam, futi saba na inchi tatu, alichaguliwa wa 2 katika drafti ya 2009, nyuma ya Blake Griffin, mbele ya James Harden aliyekuwa wa 3 na Stephen Curry aliyekuwa wa 7. Februari 2010 Memphis wakamshusha kwenda ligi ya chini, timu ya Dakota Wizards. Kijiweni kwetu jina lake lilikuwa mzaha. Kwenye 2K14 alikuwa Oklahoma City Thunder, nyuma ya Kendrick Perkins na Steven Adams, maana yake nyuma ya pazia. Milwaukee hukutana na Oklahoma City mara mbili tu kwa msimu. Mdogo wangu alizisubiri mechi hizo mbili kama Idi. Alicheza huku jicho moja likiwa kwenye benchi la wapinzani, akiomba Perkins apate faulo za haraka ili yule jamaa aingie. Katika misimu mitatu aliingia mara moja, dakika ya mwisho, mechi ikiwa imeshakwisha. Mdogo wangu akasimamisha gemu akaniita kutoka chumbani nije nione. Tukatazama picha iliyoganda ya mtu mrefu amesimama chini ya ringi hafanyi lolote. Rafiki yangu mmoja aliyekuwepo akatoa ule mzaha wa kawaida. "Huyo kakaa benchi la NBA," mdogo wangu akamjibu bila kugeuka. "Wewe umekaa benchi gani?"

Sasa nifike Aprili 2017.

Masika yale mvua ilinyesha mfululizo, na nyumba yetu ina chumba kimoja ambacho ukuta wake hunyonya maji. Krisi ilimkamata usiku wa Jumapili, kwanza mgongo, halafu mapaja. Asiyewahi kuiona krisi ya sikoseli afikirie mtu mwenye meno yanayouma, ila meno yenyewe yamepandwa ndani ya mifupa ya miguu. Tulimbeba kwenye bajaji, mama amemshika kichwa, mimi nimekaa mbele na dereva nusu mgongo nje kwenye mvua. Alilazwa siku kumi na mbili. Dripu, dawa za maumivu, damu chupa mbili, moja ilitoka kwangu.

Wodini hakuuliza sana habari za nyumbani. Siku ya nne hivi, maumivu yalipopungua, aliniambia jambo ambalo sijaweza kulitoa kichwani. Alisema kila akilazwa, akirudi anakuta matokeo. Hisabati wameshamaliza mada, jaribio limeshafanywa, yeye ana sifuri au ana alama ya kukadiriwa na mwalimu kwa huruma. Rafiki amehama shule. Paka amezaa, watoto wameshagawiwa. Watu wanamhadithia kwa haraka, kila mtu mstari mmoja. "Kama wewe unavyoruka," akasema. Hakusema kwa ubaya. Alikuwa anaeleza tu mambo yalivyo, kama anavyojaza karatasi ya pointi. Halafu akasema kitu kizuri cha ile gemu ni kwamba haiendi bila yeye. Ameiacha mechi ya 47, Milwaukee wanakwenda Denver, na akirudi ataikuta Denver palepale inamsubiri. Shule haisubiri, ligi ya kweli haisubiri, lakini Denver inasubiri.

Wakati anayasema hayo, Denver ilikuwa imeshapita.

Mtoto wa shangazi alikuwa amekuja kukaa kwetu wiki ile, miaka kumi, kwa kuwa mama alikuwa hospitali na nyumba haikuwa na mtu mchana. Alishazoea kuniona mimi nikiruka. Akawasha, akafungua msimu wa kaka yake, akataka kuona mtoano unafananaje. Akachagua tarehe ya mbali, akabonyeza. Mashine ikaanza kula siku. Mechi kadhaa zilipopita akaingiwa na hofu, akachomoa waya ukutani. Lakini gemu ile hujihifadhi yenyewe kila hatua. Nilipowasha usiku, kuhakikisha tu kama TV haijaungua, nikakuta Milwaukee imetoka mechi ya 47 hadi ya 57. Mechi 11. Wameshinda 5, wamefungwa 6. Mashine ilikuwa imempa mdogo wangu wastani wa pointi 13, yeye ambaye wastani wake wa kweli ulikuwa 22.

Nilikaa sakafuni muda mrefu. Mtoto alikuwa analia jikoni kabla sijamuuliza kitu. Niliwaza kumficha, lakini huwezi kumficha mwandika pointi. Niliwaza kufuta msimu wote na kusema pleisteshen imeharibika, na hilo likaonekana baya zaidi, maana angepoteza mechi 128 badala ya 11. Nikamwambia ukweli siku ya kutoka hospitali, kwenye teksi, mama akiwa kati yetu. Akanyamaza mpaka tunapita Buguruni. Halafu akauliza, "Denver tulifungwa?"

"Mlishinda. Nne."

"Mimi nilifunga ngapi?"

"Tisa."

"Siyo mimi," akasema.

Usiku ule, mikono yake bado imevimba mahali palipokuwa na dripu, aliwasha gemu. Mtoto wa shangazi alikuwa amejificha nyuma ya mlango wa chumba cha mama akitazama kwa upenyo. Mdogo wangu alifungua jedwali la kila mechi kati ya zile 11, moja baada ya nyingine, na mbele yake alikuwa na kaunta buku. Hapo ndipo nilipojua kwamba kaunta buku ipo. Ilikuwa na mistari iliyopigwa kwa rula, mechi zote tangu ile ya kwanza kabisa: tarehe ya kwenye gemu, tarehe ya kwetu, wapinzani, pointi, ribaundi, asisti, na safu ya mwisho ya maelezo. Umeme ulikatika. Mama alikuja na uji. Pedi mbovu. Kwa zile mechi 11 aliandika matokeo ya timu, kwa kuwa timu ilicheza. Kwenye safu za pointi, ribaundi na asisti alipiga mstari mmoja mrefu, na kwenye maelezo akaandika mara kumi na moja, kwa herufi kubwa: HAKUCHEZA – HOSPITALI.

Kisha akamwita yule mtoto, akampa pedi ya pili, ile inayovuta kushoto, akamfundisha kupiga pasi.

Tangu hapo alikuwa na wastani wa aina mbili. Ule wa mashine, ambao ungeuona kwenye skrini, na ule wa kaunta buku, uliotoa mechi 11 na kugawanya upya. Wa kaunta buku ulikuwa juu kidogo, na aliutetea kwa hoja ambayo sikuweza kuivunja: hata NBA mchezaji akiwa na DNP mechi hiyo haihesabiwi kwenye wastani wake. Nikamwambia lakini sasa A.C. Green huwezi kuwa. Akafikiri, akasema ni kweli.

Mwaka 2019 ulikuwa na mambo mawili. La kwanza, daktari wake alimwanzishia haidroksiurea, vidonge ambavyo humeza kila siku mpaka leo, na krisi zikapungua kutoka tatu nne kwa mwaka hadi moja, mwaka mwingine hakuna kabisa. Yapo mengi ya kusema kuhusu dawa hiyo na nani anaipata na nani anaikosa, na ninyi mnaoishi na mgonjwa nyumbani mnayajua. La pili lilitokea Aprili. New York Knicks, timu mbovu kuliko zote msimu ule, wakiwa wamebakiza siku chache tu, walimsajili gadi anayeitwa Billy Garrett Jr. Huyu bwana ana selimundu. Amezaliwa nayo, amekua nayo, amelazwa nayo, na alikuwa mtu wa kwanza anayejulikana kuwa na ugonjwa huo kucheza NBA. Alicheza mechi 4.

Nilikuwa na hakika mdogo wangu angefurahi, nikamtumia habari hiyo kutoka ofisini. Hakujibu siku nzima. Usiku nilimkuta kitandani na kaunta buku, amefungua ukurasa mpya wa nyuma, ameandika jina la Garrett juu na mistari minne chini, pointi za kila mechi, ribaundi, asisti, vyote alivyovitafuta kwenye simu. Nikamuuliza mbona hasemi kitu. Akasema alikuwa anasubiri kuona kama watamchezesha tena. Hawakumchezesha tena, msimu ulikwisha.

Wiki chache baada ya hapo Kawhi Leonard alitwaa ubingwa na Toronto katika msimu ambao alicheza mechi 60 kati ya 82, nyingine akipumzishwa kwa makusudi, na dunia nzima ikajifunza neno la usimamizi wa mzigo. Nikadhani nimepata ushindi wa mwisho katika mjadala wetu. Huyu hapa bingwa aliyeruka! Mdogo wangu akaniambia Leonard alikuwa na paja bovu, na mwenye mwili mbovu akipumzika hiyo ni dawa, yeye anajua zaidi yangu. Kisha akasema maneno fulani kuhusu watu wenye miguu mizima wanaoruka Charlotte, nikaona bora nikaoge. Mwaka 2023 NBA wakaweka sheria kwamba asiyecheza mechi 65 hapati tuzo kubwa za msimu. Alinitumia habari hiyo saa 12 asubuhi, bila neno lolote la ziada.

Sasa ana miaka ishirini na kitu, ana meza ya kutengeneza simu, anakaa kwa mama bado. Mimi nina mke (tulipima kabla, yeye ni AA, nilishusha pumzi kama mtu aliyetua gunia), na nina watoto wawili wasiojua PS3 ni nini. Ile PS3 ilikufa mwaka 2020, na msimu wake wa tatu ukiwa umekamilika: mechi 246 za msimu wa kawaida kwa hesabu ya mashine, 235 kwa hesabu yake. Milwaukee hawakuwahi kuchukua ubingwa. Walifika mtoano mara moja, msimu wa tatu, wakatolewa raundi ya kwanza na Miami, mechi nne kwa moja, naye alizicheza zote tano.

Mwezi uliopita nilikwenda kumsaidia mama kuhamisha kabati, tukaikuta kaunta buku chini yake, jalada limeliwa na mchwa kona moja. Nilikaa kuisoma badala ya kusukuma kabati. Kuna mechi moja ya Februari, na Boston, ambayo safu yake ya pointi ina namba mbili. Ya kalamu ni 12. Juu yake, kwa penseli iliyofifia, ni 31. Nilimpigia simu kumuuliza.

Alikumbuka papo hapo. Umeme ulikatika robo ya nne akiwa na 31, zimebaki sekunde arobaini, na ulipokuwa umerudi mashine ilikuwa imeisahau mechi yote. Akaicheza upya mwanzo mpaka mwisho, usiku huohuo, amechoka, akafunga 12 wakapigwa. Nikamwambia angeandika tu 31, nani angejua. Upande wa pili nilisikia mteja akimuuliza bei ya kioo cha simu, naye akamjibu, kisha akarudi kwangu.

"Ile ya penseli niliiacha kwa sababu ilitokea," akasema. "Lakini iliyobaki ni hii ya kalamu. Kabati mmeshaliweka wapi?"